Dawati Lililokataa

Wajukuu wangu wanasoma vitabu vya hadithi vinavyosimulia nchi zisizokuwapo, nchi zenye majoka yanayoruka, wafalme wasiokufa, na vijana wanaopotea msituni wakatokea dunia nyingine. Katika kimojawapo mna dawati la uchawi. Waandishi wa mfalme huketi mbele yake kwa zamu, na kila neno liandikwalo juu yake hutimia: likiandikwa neno mvua, mvua hunyesha, likiandikwa jina la mtu aliye mbali, mtu huyo hujikuta njiani kurudi kwao. Waliniuliza kama mambo hayo yanaweza kuaminiwa na mtu mzima. Niliwajibu kwamba mimi nimelifuta vumbi dawati la namna hiyo kila Jumamosi, kwa muda wa karibu miaka miwili, katika mji wa Newala, tangu mwaka 1961 nilipokuwa darasa la tatu. Walicheka sana. Lakini sikuwa nikiwatania, na ningeomba msomaji naye asiwe na haraka ya kucheka.

Neno dawati tumelipata kwa Waarabu, na huko asili yake ni kidau cha wino. Waswahili wa pwani wakaliita dawati lile sanduku dogo la mwandishi, lenye kalamu na wino na karatasi, alilolibeba kwapani akienda kwa mwenye haja. Baadaye sisi watu wa shule tukalipa jina hilo hilo deski la mwanafunzi. Meza ni neno la Wareno. Kwa hiyo mwandishi wetu alianza na wino, akapata sanduku, na mwisho ndipo akapata miguu minne ya kuliwekea sanduku lake. Waandishi wa Misri ya kale hawakufika hata hapo. Masanamu yao yanawaonyesha wameketi chini, wamekunja miguu, na nguo iliyovutwa kati ya magoti ndiyo meza.

Dawati ninalolisema lilikuwa sanduku la mninga lenye kifuniko cha mteremko, limepigiliwa juu ya miguu minne. Ndani yake mlikuwa na chupa ya wino wa unga, kalamu mbili za kuchovya, karatasi ya kukaushia, bahasha zilizofungwa kwa uzi, na daftari moja kuukuu. Lilikaa barazani pa duka, karibu na posta. Mwenyewe sote tulimwita Babu Karani, ingawa hakuwa karani wa ofisi yoyote. Alikuwa askari wa KAR katika Vita Kuu ya Pili, akafika Burma, akarudi na koti moja zito ambalo kwa baridi na upepo wa Newala lilimfaa kuliko nishani. Herufi za Kiarabu alizijua kwa kusoma chuoni alipokuwa mdogo. Za Kizungu alizipata shule ya misheni. Mjomba wangu ndiye aliyenipeleka kwake, na kwetu, mjomba akikupeleka mahali, baba hana la kuongeza. Kazi yangu ilikuwa kufuta vumbi, kuchonga penseli, na kukoroga wino. Maji ya wino niliyapima kwa matone. Newala iko juu ya uwanda na maji yako bondeni. Mama zetu waliyapandisha kichwani kwa njia za genge lile ambalo sehemu yake moja watu huiita Shimo la Mungu. Babu Karani alisema kwamba barua ya Newala ni nzito kuliko barua ya mahali pengine, kwa kuwa hata tone la wino wake limepandishwa mlima.

Mguu mmoja wa dawati ulikuwa umevunjika zamani, na mchongaji aliyevuka Ruvuma kutoka upande wa Msumbiji akatengeneza mwingine kwa mpingo. Hakuchonga mguu mtupu. Alichonga mwanamke aliyesimama wima, mwenye ndonya mdomoni, akiibeba kona ya dawati kichwani kama abebaye mtungi. Msomaji asiyetoka kwetu lazima aelezwe jambo hapa. Wamakonde wana hadithi ya asili yao, ambayo Profesa Karl Weule wa Leipzig aliiandika alipotembelea uwanda huu mwaka 1906. Mtu wa kwanza aliishi peke yake porini, hanyoi wala haogi. Akachonga gogo kwa mfano wa mtu, akalisimamisha penye makao yake. Kulipopambazuka gogo limekuwa mwanamke, naye akawa mkewe, na kwao wakatoka Wamakonde. Sasa watu waliolelewa katika hadithi hiyo wanamwona mwanamke wa mpingo amesimama chini ya dawati, usiku na mchana, akisikiliza siri za kila nyumba. Wangewazaje? Walisema yeye ndiye anayezipeleka barua.

Barua zenyewe zilikuwa za namna chache. Nyingi zilikwenda kwa wanaume waliokwenda manamba, yaani kazi ya mkataba katika mashamba ya mkonge, Lindi au mbali zaidi huko Tanga. Jina hilo la manamba latosha kueleza shida ya kuwaandikia: mtu aliondoka kwao akiwa na jina, akafika huko akawa namba katika daftari na kipande mkononi. Mwanamke alikuja na jina la mumewe tu, na huko shambani wenye jina hilo walikuwa ishirini. Babu Karani alianza kwa kuuliza maswali kama hakimu. Aliondoka na nani? Aliyerudi mwaka jana alimwacha shamba gani? Ana kovu? Majibu aliyatia katika daftari lile kuukuu, na kila mtu aliyerudi kutoka manamba alimwita barazani, akampa ndizi, akamhoji habari za waliobaki. Kwa hiyo alijua ni nani yuko wapi kuliko ofisi yoyote ya serikali. Bahasha zake ziliandikwa hivi: fulani bin fulani, mtu wa Newala, mwenye kovu la panga mkono wa kushoto, anakaa na fulani. Nazo zilifika. Mimi niliyekuwa nikilifunua lile daftari nililiona kuwa ndilo siri yote. Lakini waliokaa upande wa pili wa dawati hawakuliona, walimwona mwanamke wa mpingo.

Siku moja alikuja mama mmoja ambaye mumewe alikuwa na miaka minne hajaleta neno. Alivaa kaniki, na mgongoni alikuwa na mtoto ambaye baba yake hakupata kumwona. Aliketi juu ya mkeka, akakaa kimya, kisha akasema, "Mwandikie kwamba nimekufa."

Babu Karani akauliza, "Maneno haya anayasema nani?"

"Mimi."

"Basi, mwanangu, marehemu haleti barua posta. Nitaandika nini ili niaminiwe?"

"Andika nilivyosema. Ni maneno yangu na senti zangu."

Nilidhani atambembeleza, kwa sababu wazee wetu hupenda kusuluhisha. Hakumbembeleza. Alichovya kalamu akaandika: mkeo fulani amekuja leo barazani na kusema kwamba amekufa. Chini yake akaongeza: mimi mwandishi nashuhudia kwamba nimemwona kwa macho yangu, ameketi mbele yangu, na mgongoni ana mtoto wa kiume mwenye masikio kama yako. Akamsomea mara tatu, ndiyo iliyokuwa desturi yake, na kila mara alisimama kuuliza kama neno lolote si lake. Ile sehemu ya chini mama hakuiomba. Alikunja uso, mwisho akasema iache. Mume aliingia Newala kabla ya miezi mitatu kwisha, juu ya lori la mizigo, na mwavuli mpya mkononi. Watu walijaa barazani kuliangalia dawati. Mwanamke wa mpingo alipakwa mafuta usiku ule, na mpaka leo sijui ni nani aliyempaka.

Mimi siwacheki watu wale. Waliona tukio wakalitafutia sababu, na kwa mambo waliyoruhusiwa kuyaona, sababu waliyoipata haikuwa mbaya. Tena walikuwa na ushahidi mwingine. Waliwajua walimu wanaoandika aya kwa wino wa zafarani katika sahani, wakaziosha kwa maji ya waridi, na mgonjwa akanywa yale maji. Hilo ndilo kombe. Waliijua hirizi, karatasi iliyoandikwa ikashonewa ndani ya ngozi, na nguvu yake haipungui kwa kuwa aliyeivaa hawezi kuisoma. Aidha walijua kwamba tangu Wajerumani walipoanzisha kodi ya nyumba, mwishoni mwa karne ya 19, jina la mtu likiingia katika kitabu cha mkubwa, mtu huyo hutafutwa mpaka apatikane. Hata lugha yetu inawaunga mkono. Mwenye kupata kibarua husema ameandikwa. Mwenye msiba husema ndivyo alivyoandikiwa na Mungu. Na mke apangaye vyombo kwa ajili ya wageni huambiwa anaandika meza. Katika nchi ambayo watu wengi hawasomi, kuandika ni kuweka vitu mahali pake na kuvifanya vikae. Nani basi atashangaa wakisema dawati lina nguvu? Lilikuwa nazo.

Lililo gumu ni namna nguvu hiyo ilivyotumiwa. Nililielewa siku alipokuja mkubwa mmoja wa eneo letu, mtu mwenye baiskeli na kofia nzuri. Alitaka barua iandikwe kwa Bwana Shauri kwamba mzee fulani wa kijiji cha jirani ni mchawi, kwamba ameroga watoto watatu, na kwamba watu wote wanaomba aondolewe. Alikuja na majina ya hao watu wote, yameandikwa juu ya kipande cha karatasi kwa mkono mmoja. Shamba la mzee yule lilipakana na lake. Jambo hilo lilijulikana hata kwa sisi watoto.

Babu Karani alikuwa mtu maskini, na baraza alilokalia lilikuwa la kuazima. Kumwambia mkubwa yule kwamba anasema uongo kungemwondoa mjini. Alitwaa karatasi, akaichovya kalamu, akaiweka juu ya karatasi, akakaa hivyo bila kuandika. Akaichovya tena. Kisha akamwambia kwa unyenyekevu mkubwa, "Bwana mkubwa, mimi sina neno. Lakini dawati hili halikubali. Halijapata kuandika jina baya la mtu asiyekuwapo mbele yake. Mlete huyo mzee aketi hapa, na hao watu wote waketi pale, nami nitaandika kila watakalosema." Mkubwa aliangalia mguu wa mpingo. Mimi nilikuwa nyuma ya dawati, nikamwona akiuangalia. Alikunja karatasi yake, akasema atarudi, hakurudi.

Tangu hapo niliwasikia watu wakisema kwamba dawati la Newala linakataa uongo, na Babu Karani hakuwakanusha hata mara moja. Baadhi ya walimu wenzangu, nilipowahadithia miaka ya baadaye, walisema mzee yule alikuwa mlaghai aliyekula kwa ujinga wa watu. Sikubaliani nao. Hakuongeza senti hata moja juu ya bei ya barua kwa sababu ya sifa za mpingo. Alichokipata ni mahali pa kusimama. Mwandishi wa kulipwa hawezi kusema sitaki; akisema sitaki, mwenye nguvu atauliza wewe ni nani. Lakini dawati likisema halitaki, swali hilo halina wa kulijibu.

Na katika uwanda wetu barua ilikuwa na heshima kabla ya posta. Luagala, ambayo siku hizi imo wilaya ya Tandahimba, ndiyo ilikuwa ngome ya Machemba, mkubwa wa Wayao. Mwaka 1890 Hermann von Wissmann, aliyeshika madaraka ya Wajerumani pwani, alimtaka aje kumnyenyekea, na Machemba akamrudishia barua ya Kiswahili kwamba haoni sababu ya kumtii mtu asiyekuwa bwana wake. Wakati ule wakubwa wa bara kwa kawaida walikuwa na waandishi wao, watu waliojua herufi za Kiarabu, nao waliketi chini kama wale wa Misri. Mimi humfikiria mwandishi wa barua kama ile. Anajua kwamba wenye mizinga wataisoma. Angeweza kulainisha neno hapa na pale, na bwana wake asingejua. Barua haikulainishwa. Machemba alishikilia hivyo karibu miaka kumi, mpaka 1899 alipozidiwa akavuka Ruvuma. Babu Karani aliyajua mambo hayo kwa masimulizi ya wazee, na aliposema "andika kilichosemwa" sauti yake ilikuwa ya mtu anayetaja sheria ya zamani.

Lakini sheria yake ile nyingine, ya kutoandika neno baya juu ya asiyekuwapo, ilikuwa na upande ambao sikuupenda hata nilipokuwa mtoto. Alikuja mjane. Mumewe amefariki, na wapwa wa marehemu, ambao kwa mila yetu ya upande wa mama ndio warithi, wamechukua shamba lote la mikorosho, pamoja na ile miche ambayo yeye mwenyewe aliipanda na kuimwagilia kwa maji ya kichwani. Alitaka mashtaka yaandikwe kwa baraza. Babu Karani akampa jibu lile lile: walete hao wapwa waketi hapa. Mjane akasema, "Baba, wangekubali kuja hapa, mimi ningekuja kwako kutafuta nini?" Dawati likakataa. Akafunga senti zake katika pindo la kaniki akaondoka.

Nadhani mzee alikosea, tena alikosea sana. Kanuni iliyomlinda mnyonge dhidi ya mwenye baiskeli ilimfunga mdomo mnyonge mwingine. Mtu mwenye nguvu unaweza kumwambia amlete mshtakiwa wake, mjane huwezi. Na kosa hilo lilitokana na uchawi wenyewe, maana ukishawaambia watu kwamba dawati ndilo linaloamua, huwezi tena kuliambia libague kati ya shtaka na shtaka. Angekuwa amesema "mimi sitaki" siku ya kwanza, angeweza kusema "mimi nataka" siku ya pili.

Mjane alishuka Masasi kwa miguu, safari ya siku mbili. Masasi si mahali pa kubahatisha kwa mtu anayetafuta kuandikiwa. Mji ule ulianza kuwa mji wa maandishi mwaka 1876, Askofu Edward Steere wa misheni ya UMCA alipofika kutoka Lindi na kundi la watu waliookolewa utumwani, akawaacha pale wafanye makao. Steere huyo ndiye aliyekuwa amechapisha mwaka 1870 kitabu cha kufundishia Kiswahili kwa herufi za Kirumi. Watu wale walikuwa wameuzwa kama mizigo. Nao, kati ya vilima vile vya mawe, walifundishwa kuandika majina yao. Nimefundisha watoto wa vitukuu vyao, na kila nilipoita majina asubuhi katika daftari la mahudhurio nililikumbuka jambo hilo. Huko Masasi mjane alimpata mwalimu mmoja wa shule aliyemwandikia bila malipo na bila kuuliza dawati. Baraza lilimrudishia mikorosho 12. Babu Karani aliposikia hakusema neno, ila kwa siku kadhaa aliniachia kalamu niandike anwani za bahasha, jambo ambalo hakulifanya kabla.

Kisha ikaja kazi ambayo ndiyo iliyolimaliza dawati. Mwaka 1970 ulitangazwa na Mwalimu Nyerere kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima. Nilikuwa kijana wakati huo, na muda mfupi baadaye, nilipotoka chuo cha ualimu, nilijikuta nikisimamia madarasa ya kisomo chini ya mikorosho, saa kumi jioni, wanafunzi wakiwa ni mama zangu na shangazi zangu. Walimu wa kujitolea walipewa posho ya shilingi 30 kwa mwezi. Mmoja wao alikuwa Babu Karani. Watu walishangaa: kinyozi gani huyu anayewafundisha wateja wake kunyoana? Nilimwuliza, kwa kuwa sasa tulikuwa walimu wawili, kwa nini anafanya hivyo. Alisema amechoka kujua siri za watu.

Katika darasa lake alikuwamo yule mama aliyekwisha kujiandika marehemu. Mumewe alikuwa hai, analima, na hakwenda manamba tena. Hakuwa na mtu wa kumwandikia barua. Alipomaliza kujifunza herufi alitwaa mkaa akaandika majina ya watoto wake wanne kwenye ukuta wa nyumba yake, upande wa nje, kila jina kubwa kuliko lililotangulia kwa sababu mkono ulizidi kupata ujasiri. Mumewe alilalamika kwamba wapita njia sasa wanajua idadi ya watoto wake, jambo lisilopendeza kwetu. Majina yalibaki mpaka masika.

Takwimu za Taifa zinajulikana. Kabla ya kazi ile, katika kila watu wazima watatu wawili hawakujua kusoma. Baada ya mtihani wa mwaka 1975 wasiojua walikuwa asilimia 39, na mwaka 1986 wakawa chini ya asilimia 10. Tulifurahi na tulistahili kufurahi. Mimi ni mtu wa kazi ile, na sikubali kuambiwa kwamba ilikuwa bure kwa kuwa baadaye wengine walisahau herufi kwa kukosa cha kusoma. Mtu aliyesoma ratiba ya basi hata mara moja hawezi tena kudanganywa kama zamani.

Lakini nilipokuwa mwalimu mkuu nilianza kupokea barua za namna nyingine. Zilisukumwa chini ya mlango wa ofisi usiku. Hazina jina wala sahihi, na mwandiko umepindishwa makusudi: mwalimu fulani ana hili, mzazi fulani ni mchawi, mpishi anaiba maharage. Baadhi zilikuwa za kweli, na moja ilimwokoa mwanafunzi wa kike aliyekuwa hatarini. Kwa hiyo sikuthubutu kuzitupa bila kuzisoma. Nyingi zilikuwa sumu tupu. Nilizisoma na kumkumbuka yule mkubwa mwenye kofia nzuri. Sasa hakuhitaji kwenda barazani. Karatasi ya daftari la shule ilitosha, na karatasi ya shule haina kinywa cha kumwambia mlete huyo mzee aketi hapa. Waalimu wanafunzi wangu chuoni niliwapa zoezi moja kila mwaka: waandike malalamiko dhidi ya mtu, kisha wayasome mbele ya darasa kana kwamba mtu huyo ameketi dawati la mbele. Wengi walifuta nusu ya maneno yao. Wachache hawakufuta hata neno moja, na mara nyingi hao ndio waliokuwa na shtaka la kweli. Njia hiyo angalau iliwabagua yule mkubwa na yule mjane, jambo ambalo mpingo haukuweza.

Babu Karani alifariki mwaka 1979. Kwa mila dawati lilikwenda kwa mpwa wake, ambaye hakuwa mtu wa kalamu. Kwa miaka mingi lilikaa ghalani, karibu na mizani ya korosho, na makarani wa msimu waliandikia stakabadhi juu yake bila kujua habari zake. Mwaka 1994 mnunuzi wa vinyago kutoka Dar es Salaam aliuona ule mguu akaununua peke yake. Mpwa alipata fedha za kutosha kununulia mabati sita. Kona ile ikawekewa matofali.

Mara ya mwisho nilipopanda Newala nilikuta sanduku la mninga barazani tena, mtaa mwingine, matofali yake yale yale, na juu yake simu tatu, kalamu ya wino iliyofungwa kwa kamba, na daftari. Binti aliyekaa nyuma yake, mjukuu wa yule mpwa, ni wakala wa fedha za simu. Nilisubiri zamu yangu nyuma ya bibi mmoja aliyekuwa ameletewa fedha na mwanawe aliyeko Mtwara. Bibi alimkabidhi binti simu yake, akamwomba amsomee ujumbe, kisha, alipotakiwa kubonyeza namba yake ya siri, akaitaja kwa sauti, tarakimu moja moja, na sisi sote tuliopanga foleni tukaisikia. Binti akaweka simu chini. "Bibi," alisema, "hiyo siiandiki. Shika mwenyewe, nami nakuonyesha kwa kidole." Bibi alikasirika, akasema macho yake mabaya na mvua inakuja. Foleni ilikuwa ndefu. Binti aliinuka, akazunguka dawati, akachuchumaa kando yake, wakaanza upya namba nyingine kabisa.